Watu watatu bila bosi: safari ya Dispatch

CD yenyewe ilinifikia mwaka 2002 ikiwa haina hata jalada. Nyeupe, ya kuchoma, juu yake mtu kaandika kwa kalamu ya wino mzito neno moja, "Dispatch", na chini yake "sikiliza ya 4". Aliyeniletea alikuwa kijana wa Kimarekani aliyekuja Moshi kujitolea kufundisha, akafika studio kwetu kutaka kurekodi kwaya ya wanafunzi wake. Mimi nilikuwa fundi mitambo kijana mwenye kiburi, nikaitia kwenye mashine huku nimejiandaa kucheka.

Ya nne ilikuwa "Elias". Gitaa kavu, sauti tatu zinazofukuzana, kisha katikati ya Kiingereza yakaingia maneno ya Kishona, lugha ya Zimbabwe. Nikasimamisha, nikarudisha nyuma. Kishona sikijui, lakini Mbantu akisikia Kibantu, hata cha mbali, sikio husimama lenyewe.

Nikamwuliza hawa jamaa wako kampuni gani ya muziki. Akasema hawana kampuni. Wanapigwa redio gani? Hawapigwi. Sasa wewe umewapatia wapi? Akacheka, akaniambia bwenini kwao kila mtu anayo.

Jibu lile nimelitafuna miaka mingi, maana ndani yake mna karibu kila kitu kuhusu Dispatch, bendi hii ya Kimarekani.

Tuanze na watu wenyewe. Chad Urmston, ambaye siku hizi hujiita Chadwick Stokes, Pete Heimbold anayejulikana kama Pete Francis, na Brad Corrigan, walikutana chuo cha Middlebury, katika jimbo la Vermont, kaskazini mashariki mwa Marekani. Walianza kwa jina la One Fell Swoop, wakalibadilisha wakawa Dispatch, na mwaka 1996 wakatoa albamu ya kwanza, Silent Steeples. Mwaka uliofuata wakatoa Bang Bang. Huko Vermont na majimbo jirani vyuo vimebanana, mwendo wa saa chache tu kwa gari kutoka kimoja hadi kingine, na kila chuo kina wanafunzi wenye kiu ya kitu cha kuchezea Ijumaa usiku. Ukiwa na gari na vyombo vyako, soko unalo. Gari walikuwa nalo.

Sasa muziki. Ukiuliza watu Dispatch wanapiga nini, mmoja atakwambia foki, yule wa pili roki, wa tatu atasema fanki, na wa nne ataapa kuwa ni rege. Wote wamepatia. Hapo mniruhusu nikae kidogo, ndiyo kazi yangu.

Katika fanki, mzigo wote umetundikwa kwenye pigo la kwanza. Hesabu moja, mbili, tatu, nne: besi na teke la drams vinaangukia pamoja kwenye moja, halafu besi inaacha pengo, na pengo hilo ndilo linalotikisa kiuno. Gitaa la fanki haliachwi likalia. Mpigaji anazibia nyuzi kwa mkono wa kushoto, zinatoa mkwaruzo mfupi kama mtu anayesugua sufuria kwa mchanga. Rege inafanya kinyume. Pale kwenye moja pengine pako kimya kabisa, na gitaa linadokoa la pili na la nne. Foki nayo, yaani zile nyimbo za masimulizi za gitaa kavu, haitaki mapengo hata kidogo. Gitaa linakwaruzwa juu na chini bila kupumzika ili msimulizi asibaki mtupu.

Utaona tabu iliyopo. Huyu anataka pengo, yule hataki, na bendi yenyewe ina watu watatu tu, bila kinanda cha kuzibia wala mpiga solo wa akiba. Walichofanya Dispatch ni kulipatia gitaa kavu kazi ya mkono wa rege, besi wakaiachia ijidai fanki, na pale katikati, ambapo bendi nyingine ingeweka kinanda, wakaweka sauti zao. Wote watatu wanaimba, na si kuitikia tu. Mmoja anashika hadithi, wa pili anapita juu yake, wa tatu anatupia maneno ya haraka kama anayefoka. Kwa fundi wa kuchanganya sauti, hiyo ni kazi ngumu lakini tamu: koo tatu za wanaume wa rika moja zinagombania kaeneo kalekale, na ukizidisha moja tu wimbo unageuka wa mtu mmoja.

Halafu walikuwa na ule mchezo wa kubadilishana vyombo. Kwa kawaida Brad alikuwa kwenye drams, Pete besi, Chad gitaa, na mara nyingine Chad huyohuyo akachukua tromboni. Lakini wimbo ukiisha unaweza kumwona Brad ananyanyuka na kushika gitaa, mwenzake anakaa kwenye drams. Watazamaji wanashangilia. Mimi nikiona hivyo namwonea huruma aliye nyuma ya mitambo, kwa sababu kila mtu ana mkono wake. Huyu anapiga drams kama anatwanga kisamvu, yule anazigusa kama mayai, na wewe una sekunde kumi za kurekebisha kabla ya hesabu kuanza.

Sababu ya mchezo huo ilikuwa nzito kuliko mbwembwe. Wote watatu walikuwa watunzi. Hapakuwa na kiongozi mwenye bendi na vibarua wake, kama tulivyozoea kuona, kwamba mwenye vyombo ndiye mwenye neno. Anayeleta wimbo mara nyingi ndiye anayeuongoza, wenzake wanahama kumtumikia. Kumbukeni jambo hilo, nitalirudia.

Sasa yale mambo ya bwenini. Miaka ile mkataba wa kawaida wa Marekani ulikuwa hivi: kampuni inakupa fedha ya kutangulia, inalipia studio, inakusukuma redioni, kisha inajilipa yote kutoka kwenye fungu lako kabla hujaona senti, na masta, yaani rekodi mama, inabaki mali yake. Dispatch hawakuingia huko. Walitoa wenyewe chini ya lebo yao, Bomber Records, wakauza CD mezani baada ya onyesho. Hasara ya njia hiyo inajulikana: nje ya pale gari linapofika, hakuna anayekujua.

Mwaka 1999 ikatokea Napster, ile programu ya kubadilishana nyimbo kwa intaneti, na mabweni ya vyuo ndiyo yaliyokuwa na intaneti ya kasi. Kampuni kubwa zikaipeleka mahakamani na kufika Julai 2001 ikawa imezimwa. Wanamuziki wengi wakubwa waliiona kama mwizi aliyeingia ghalani. Dispatch walisimama upande wake waziwazi, na hesabu yao ilikuwa rahisi: wao ghala hawakuwa nalo. Kila nakala iliyochukuliwa bure California ilikuwa kama bango lililobandikwa mahali ambapo gari lao halijafika. Wakienda kupiga mji ambao hawajawahi kukanyaga, wanakuta ukumbi mzima unaimba "The General" tangu mstari wa kwanza.

Wimbo huo wa Bang Bang ndio uliowabeba kuliko wote, na ukiusikiliza unaelewa kwa nini ulisafiri. Ni hadithi iliyokamilika. Jenerali mzee mwenye nishani zake anaamka usiku wa kuamkia vita, anawaambia askari vijana kwamba ameona ya kutosha na vita hivi havistahili. Oga, piga viatu rangi, nendeni mkaishi. Gitaa linaanza kwa utulivu wa msimulizi wa kibarazani, kisha mwendo unapanda na maneno yanakimbizana. Mwanafunzi wa miaka 19 akishaushika hauachi mpaka amfundishe mwenzake.

Kisha ikaja Four-Day Trials mwaka 1999, Who Are We Living For? mwaka 2000, na Gut the Van, rekodi ya jukwaani, mwaka 2001. Hiyo ya mwisho ndiyo ninayoipenda, maana studio haikuwahi kuwatendea haki.

Na hapo, wakati mambo yanapamba moto, wakasimama. Mwaka 2002 walikwenda likizo isiyo na tarehe ya kurudi. Chad akaunda State Radio, bendi kali zaidi, yenye siasa waziwazi. Pete akaanza kutoa albamu zake. Brad naye akatoka na zake kwa jina la Braddigan. Narudi kwenye lile nililosema mkumbuke. Bendi yenye mwenyewe ikigombana, mwenyewe anaamua, wasioridhika wanafunga virago. Bendi iliyo chini ya kampuni ina meneja anayekuja na mkataba mkononi: mnadaiwa albamu mbili, kaeni chini. Watatu hawa hawakuwa na mwenyewe wala mdai. Kila mmoja ana mafungu ya nyimbo, jukwaa ni moja, na hakuna wa juu yao wa kusema sasa yatosha. Kile kilichozaa sauti yao ndicho kilichowafarakanisha. Nimeona bendi za ushirika zikifa hivyohivyo, tena kwa ugomvi mdogo kuliko wao.

Lakini waliamua kuzika kwa heshima. Tarehe 31 Julai 2004 walifanya onyesho la mwisho, bure, Boston, pale Hatch Shell kando ya mto Charles. Ni jukwaa la wazi lenye paa la umbo la nusu kombe, mbele yake nyasi tupu. Hawakuwa na tangazo la redio la maana. Wakaja watu wanaokadiriwa 110,000, baadhi yao wakiwa wamepanda ndege kutoka nchi za mbali.

Hebu iweke picha hiyo kwa kipimo cha fundi. Sauti hutembea kama mita 340 kwa sekunde. Aliyekaa mita 170 kutoka kwenye spika anasikia pigo nusu sekunde baada ya kupigwa, kwa hiyo anamwona mpiga drams ameshanyanyua fimbo ndipo mlio unamfikia. Umati wa namna hiyo ukiimba, wa nyuma wanachelewa, wimbi linakuja jukwaani likiwa limechanika. Na bado waliimba kila neno. Kumbe wasikilizaji wote wale walikuwepo miaka yote, ila hakuna daftari la kampuni wala chati iliyowahi kuwahesabu. Hata wenyewe hawakuwajua mpaka siku ya kuagana.

Mwaka 2007 walirudi kwa siku tatu, tarehe 13 hadi 15 Julai, safari hii Madison Square Garden, New York, ukumbi unaobeba karibu watu 20,000. Tiketi za siku zote tatu zilikwisha. Hutajwa kuwa bendi ya kwanza isiyo na kampuni kubwa kuujaza ukumbi ule. Maonyesho waliyaita Dispatch: Zimbabwe, na mapato yakaelekezwa kwenye mashirika ya kupambana na njaa na maradhi huko, nchi iliyokuwa inasagwa na mfumuko wa bei uliopita asilimia 1,000.

Kwa nini Zimbabwe? Hapo ndipo CD yangu ya Moshi iliponijibu. Baada ya kumaliza sekondari, Chad aliishi Zimbabwe kwa miezi kadhaa, akafanya urafiki na mtunza bustani aitwaye Elias. Wimbo ni wa huyo. Nakiri kwamba mwanzoni nilikuwa na shaka. Vijana wa vyuo vya gharama Marekani wakiweka maneno ya Kiafrika kwenye wimbo, mara nyingi ni mapambo, kama kikoi kinachotundikwa ukutani. Lakini wimbo wa mwaka 1996 ulizaa mfuko wa kusaidia elimu Zimbabwe wenye jina la Elias, na miaka 11 baadaye ukaijaza Garden mara tatu. Shaka yangu nikaifunga mfukoni.

Yaliyofuata nitayapitia haraka. Walirudiana kwa ziara mwaka 2011, na 2012 wakatoa Circles Around the Sun, albamu ya kwanza ya studio baada ya miaka 12. Ni safi, kwa sikio langu ni safi mno, kama nguo iliyopigwa pasi mpaka ikang'aa. America, Location 12 ya 2017 ilirudisha vumbi kidogo. Pete, aliyekuwa akipambana na sonona na akaisema hadharani, alijitoa kabisa mwishoni mwa muongo ule. Chad na Brad waliendelea, wakaongeza wapigaji wengine, na 2021 ikatoka Break Our Fall. Zile sauti tatu zinazofukuzana hazipo tena kama zamani, na sitajifanya kwamba sizikumbuki.

Mwaka 2022, Urusi ilipoivamia Ukraina, waliurekodi upya "The General" kwa Kirusi, ili yule jenerali mzee awafikie askari vijana kwa lugha yao.

Anayetaka kuanza, aanze na Gut the Van, kwa spika za masikioni, si simu mezani. Sikiliza besi inapoacha pengo, kisha sikiliza watu wa mbele wanavyoliziba kwa kuimba. Halafu ndipo urudi kwenye "Elias". Mimi ile CD nyeupe bado ninayo, wino umefifia imebaki "Disp". Tatizo ni mashine ya kuichezea, yangu ilikufa zamani. Mwenye kompyuta ya kale yenye tundu la CD anitafute.