Majimaji: Tunayakumbuka Maji, Tunaisahau Njaa

Mwulize mtu aliyesoma shule ya msingi Tanzania kuhusu Vita vya Majimaji, uasi dhidi ya utawala wa Wajerumani. Atakutajia mganga Kinjikitile na dawa yake ya maji iliyoaminiwa kuzuia risasi, kisha atanyamaza.

Dhana: Watu waliingia vitani kwa kudanganywa na mganga.
Chanzo kilikuwa pamba. Wajerumani walilazimisha wanakijiji kulima mashamba ya pamba chini ya maakida na majumbe (wasimamizi wa serikali ya kikoloni), kwa ujira wa kiduchu, huku kodi ikidaiwa na mashamba yao wenyewe yakiota magugu. Julai 1905, Wamatumbi walianza uasi kwa kung'oa pamba. Dawa ya maji iliwaunganisha watu wasio na mtawala mmoja: Wamatumbi, Wangindo, Wapogoro, hata Wangoni. Hilo si jambo la kipumbavu hata kidogo.

Dhana: Kinjikitile aliongoza vita hadi mwisho.
Alinyongwa Mohoro, Agosti 1905, vita vikiwa bado vichanga. Mapigano yaliendelea hadi 1907.

Dhana: Wengi waliuawa kwa bunduki.
Hapa ndipo simulizi zetu zinapopungua sana. Bombomu, yaani bunduki ya rashasha, iliua, ndiyo, Mahenge hasa. Lakini vita vilipogeuka vya kuvizia msituni, jeshi la Wajerumani, ambalo askari wake wengi walikuwa Waafrika, liligeukia chakula. Vijiji vilichomwa, maghala yakaporwa, mazao yakateketezwa shambani, mbegu zisibaki. Haikuwa ajali: Kapteni Wangenheim alishauri waziwazi kwamba njaa ndiyo itakayowatiisha watu. Serikali ya kikoloni ilikadiria vifo 75,000. Wapo wanahistoria wanaotaja 250,000 hadi 300,000. Wengi wao hawakuwahi kushika mkuki, wakiwemo kina mama na watoto.

Dhana: Vita vilikwisha, nchi ikarudi kama zamani.
Walionusurika walihama, mashamba yakawa vichaka, wanyamapori na mbung'o wakaenea. Sehemu ya ardhi hiyo kusini mwa Rufiji iliingizwa katika Pori la Akiba la Selous. Mtalii anayeiona leo hudhani ni nyika ya tangu enzi. Kumbe watu walilima humo.

Dhana: Ujerumani haijawahi kuomba radhi.
Novemba 2023, Rais Frank-Walter Steinmeier aliomba msamaha mjini Songea, mbele ya wazao wa Nduna (kiongozi wa vita wa Wangoni) Songea Mbano, aliyenyongwa 1906. Familia inaamini fuvu lake lilipelekwa Ujerumani. Steinmeier aliahidi kusaidia kulitafuta.