Usitie maji kwenye foili

Wiki hii nimeulizwa tena, na safari hii na mama anayepika vizuri kuliko wengi ninaowajua hapa Mtwara: "Mwanangu, mboga za foili unatia maji kikombe kizima au nusu?" Sitii hata tone kwenye mboga zinazofungwa kwa karatasi ya alumini na kuivishwa juu ya mkaa. Swali hili nalipata kwenye jiko langu Shangani, nalipata kwenye shughuli za watu, nalipata kwa vijana wanaotaka kuanza biashara ya kuchoma, na kila anayeuliza ameshaamini kwamba mboga bila maji zitaungua. Naomba leo tulimalize.

Ukichukua nusu kilo ya biringanya na pilipili hoho, takriban gramu 450 ni maji. Biringanya peke yake ni maji kwa asilimia 92 hivi, hoho haiko mbali, bamia ni kama 90, nyanya inafika 94. Maana yake, kabla hujagusa ndoo, ndani ya foili umeshafunga karibu nusu lita. Hicho kikombe chako kinakwenda kufanya nini humo?

Kinakwenda kula moto. Kupasha gramu 1 ya maji kutoka nyuzi 30, joto la kawaida la pwani yetu, hadi yachemke kunahitaji joule 290 na kitu. Kuyageuza maji hayohayo yawe mvuke kunahitaji joule 2,260 nyingine, zaidi ya mara saba. Mkaa umeununua kwa bei ya sasa, halafu unautumia kuchemshia maji ya bomba wakati karoti bado mbichi. Na mvuke wenyewe una ukubwa ambao watu hawaufikirii: gramu 1 ya maji hutoa karibu lita 1.7 za mvuke. Kijiko kimoja cha chakula, gramu 15, ni lita 25. Kifurushi chako hakibebi hata lita mbili. Kwa hiyo mvuke unatafuta mkunjo uliolegea, unatoka, na unatoka na harufu ya kitunguu swaumu na bizari uliyoitwanga kwa jasho. Wanaobaki na chakula kisichonukia ni hao hao wanaolalamika kwamba foili "inameza viungo".

Foili kwenye jiko la mkaa ni sufuria yenye mfuniko uliobana, basi. Hilo likieleweka, mambo mengine yote yanafuata. Sisi tuko usawa wa bahari, maji yanachemka kwa nyuzi 100, na maadamu ndani ya kifurushi kuna maji, joto la mboga halitavuka hapo kwa maana yoyote ya kuzungumzia. Ile rangi ya kahawia na ile harufu ya kitu kilichochomwa huanza kuja karibu na nyuzi 140. Kwa hiyo mteja anayefungua kifurushi akaniambia, "Kaka, mbona hizi zimechemka, hazijachomwa?" ananieleza jambo la kweli kabisa. Zimeiva kwa mvuke. Moshi nao haupiti kwenye bati la alumini. Hata ukaweka kifurushi juu ya moshi tangu alasiri hadi isha, kitakachonukia moshi ni foili.

Sasa kuhusu kuungua, maana najua ndiko hofu iliko. Kinachoungua ni pale chini, sehemu moja moja, ambapo kipande chenye sukari kama boga, karoti au kitunguu kimeilalia foili moja kwa moja na maji yamekauka hapo tu. Mahali pengine pote bado pamejaa maji. Ukiongeza maji hutibu hapo chini, unachelewesha tu kisha unapata rojo. Dawa yake ni mafuta. Mafuta yanapaka kipande pande zote, yanakitenganisha na bati, na yanabeba viungo: harufu nyingi za bizari, pilipili manga na kitunguu swaumu hukolea kwenye mafuta kuliko kwenye maji. Vijiko viwili kwa nusu kilo vinatosha. Mafuta ya ufuta ndiyo ninayoyapenda, na kwa kuwa Lindi ni nchi ya ufuta sioni sababu ya kwenda kutafuta mafuta yaliyotoka mbali. Mafuta ya nazi pia mazuri. Changanya kwenye bakuli, usimwagie juu ya mboga zikiwa zimeshalala kwenye foili, kwa sababu yatateremka kona moja na kukaa huko.

Hapa watu wa pwani wananishika na tui. "Sasa tui nalo?" Tui la kwanza, zito, lina mafuta mengi na mimi hulitia vijiko vichache kwenye boga na bamia, likijikata likatoa mafuta ndiyo vizuri zaidi. Tui la pili ni maji. Lina rangi nyeupe, lina harufu ya nazi, lakini kwa hesabu ya moto ni maji, na anayemimina tui la pili kwenye foili amerudi kulekule kwenye kikombe.

Chumvi ndiyo inayonisumbua zaidi kuelezea. Chumvi inavuta maji kutoka kwenye mboga. Ukikata biringanya, ukalitia chumvi na kuliacha, litatoa jasho lake kwenye bakuli badala ya kulitoa ndani ya foili. Ukitia chumvi kisha ukafunga papo hapo, jasho lote liko ndani. Ukitia chumvi nyumbani saa nane, ukafunga, ukaja kuchoma magharibi, unaweka jikoni supu. Mimi kwenye shughuli kubwa hukata mboga mapema, lakini chumvi huwa ya mwisho, makaa yakishafunikwa na majivu meupe, ili isipate muda mrefu wa kuvuta maji. Kuhusu biringanya kuchujwa kabla, nina shaka zangu. Kuna siku naona tofauti kubwa, kuna siku sioni, na nadhani biringanya changa lililochumwa asubuhi halihitaji shida hiyo. Vitabu vinaliandika kama sheria. Mimi hulifanya kwa mabiringanya makubwa yenye mbegu ngumu tu.

Ukitaka ladha ya kuchomwa, ipate nje ya foili. Laza vipande vya hoho, biringanya na vitunguu vikubwa juu ya wavu vikiwa wazi, vimepakwa mafuta, hadi vipate madoa. Hapo ndipo nyuzi 140 zinapatikana, kwa sababu uso wa kipande umekauka. Kisha funga pamoja na zilizobaki zimalizikie kwa mvuke. Njia nyingine ni kufungua kifurushi juu mwishoni, mvuke uondoke, chini kukauke na kushika rangi. Ile ya kutoboa matundu kwa uma siipendi kabisa: mchuzi unadondoka kwenye makaa, makaa yanazimika upande mmoja, na moshi hauingii kwa kiasi cha kuonja.

Ukataji nausema haraka. Viazi vitamu na karoti vipande vyembamba. Boga vipande vinene. Nyanya chungu nusu kwa nusu. Bamia nzima, kata kikonyo tu bila kufungua tundu, utelezi ubaki ndani. Ngumu na laini zifungwe mbalimbali. Foili tabaka mbili, mikunjo iangalie juu. Upande unaong'aa na upande uliofifia havina tofauti jikoni: kiwandani karatasi mbili hupitishwa pamoja kwenye roli ya mwisho, zinakogusana zinafifia, zinakogusa roli zinang'aa, basi. Kifurushi kikae juu ya wavu, kisilale kwenye makaa mekundu. Alumini huyeyuka kwa nyuzi 660, na kusi likivuma usoni mwa jiko makaa yanafika huko. Ukiwasha kwa vifuu vya nazi, subiri ule ukali wa kwanza upungue.

Dakika ngapi? Maelekezo ya watu wengi yanasema 20, kwenye jiko gani sijaambiwa. Jiko la ufukweni lenye upepo na jiko la uani penye ukuta ni majiko mawili tofauti. Mimi huangalia kifurushi kikianza kuvimba, na hapo ndipo naanza kuhesabu: bamia na hoho dakika 8 hadi 10, boga zaidi ya hapo, viazi vitamu hadi kijiti kipenye. Unapofungua, pasua upande ulio mbali na uso wako, mvuke huo unababua.

Korosho zilizokaangwa na kutwangwa, nyunyiza baada ya kufungua. Inaniuma kuona korosho nzuri za kwetu zimefungiwa kwenye mvuke hadi zikalainika kama maharage. Ufuta uliokaangwa vilevile.

Na ndimu. Ndimu na ukwaju pia ni baada ya kufungua. Alumini huliwa na asidi, na chumvi ikiwapo huliwa zaidi, kisha inaingia kwenye chakula. Mamlaka ya Usalama wa Chakula ya Ulaya mwaka 2008 iliweka kiwango cha juu cha alumini cha miligramu 1 kwa kila kilo ya uzito wa mtu kwa wiki. Kamati ya pamoja ya FAO na WHO, mashirika ya Umoja wa Mataifa ya chakula na ya afya, mwaka 2011 ikaweka miligramu 2. Kwa mtu wa kilo 60 ni miligramu 60 kwa wiki kwa hesabu ya Ulaya na 120 kwa hesabu ya kamati. Wataalamu wameangalia jambo moja wakatofautiana mara mbili, kwa hiyo mimi siwezi kumwambia mteja kwamba mstari wa hatari uko hapa. Sidhani kifurushi kimoja cha Jumamosi kinamdhuru mtu mzima. Lakini anayekula hivi kila siku, na mboga zimelowekwa kwenye ndimu na chumvi tangu mchana, hilo silikubali, hasa kwa watoto, kwa sababu uzito wao ni mdogo.

Kwa wanaong'ang'ania ukwaju upikwe humohumo, natandika jani la mgomba ndani ya foili. Lipitishe kwanza juu ya moto lilainike, lisipasuke unapokunja. Chakula hakigusi alumini, na jani linaacha harufu ambayo foili haitaweza kuitoa kamwe. Kusema kweli, jani peke yake, lililofungwa vizuri juu ya moto wa taratibu, kwangu linashinda foili kwa ladha. Foili inashinda kwa kuvumilia moto wa watu wenye haraka, na watu wengi wana haraka.

Muhogo mbichi usiufunge. Sisi tunaokula mihogo tunajua kwa nini ule mchungu humenywa, ukalowekwa, ukaanikwa hadi kuwa makopa: sumu yake inahitaji maji ya kumwaga na hewa ya kuondokea. Kifurushi hakina hata kimoja.

La mwisho ndilo nalisisitiza kwa yeyote anayenisaidia kazi. Vifurushi visilale. Nyuzi 100 zinaivisha mboga lakini haziui mbegu za kijidudu cha botulizimu, ugonjwa wa sumu ya chakula unaoweza kuua; kijidudu hicho kinatoka kwenye udongo, na viazi vinatoka kwenye udongo. Foili inazuia hewa, unyevu umo, na usiku wa Mtwara una joto la kutosha kijidudu hicho kuzaana. Mwaka 1994 mjini El Paso, Texas, Marekani, watu 30 waliugua kutokana na viazi vilivyookwa ndani ya foili na kuachwa hivyo hivyo nje ya friji. Kwa hiyo ikibaki, fungua foili yote usiku huohuo, hamishia chombo kingine, weka kwenye friji. Kama hakuna friji, gawa kwa majirani ikiwa bado ya moto, na iliyolala imefungwa imwage.