Ubunifu si kipaji cha wachache

Wengi tumekua tukiambiwa kwamba ubunifu ni kipaji: umezaliwa nacho au huna. Edward de Bono, daktari na mwandishi wa vitabu kuhusu kufikiri, alitumia maisha yake kulipinga wazo hilo. Alizaliwa Malta mwaka 1933, akasomea udaktari, kisha akaendelea na masomo Oxford, Uingereza. Nadhani udaktari ulimsaidia sana, kwa sababu aliutazama ubongo kama kiungo chenye mazoea yake. Ubongo hupanga mambo katika njia zilizokwisha kuzoeleka, na mtu mwerevu kabisa anaweza kukwama humo.

Mwaka 1967 alieleza namna ya kutoka humo: kuliendea tatizo kutoka pembeni, badala ya kuzidi kuchimba shimo lilelile. Mojawapo ya mbinu zake ni kuchukua neno lolote, bila kulichagua, na kulazimisha lihusiane na tatizo. Tuseme mikutano yenu inachosha, na neno lililotokea ni "sabuni". Sabuni huisha kidogo kidogo huku ukiiona. Je, dakika za kila msemaji nazo zikionekana zikipungua mbele ya wote? Wazo hilo halikuhitaji kipaji, lilihitaji hatua tu.

Wapo wataalamu waliolalamika kwamba mbinu zake hazikupimwa vya kutosha, na hoja hiyo ina uzito. Hata hivyo, de Bono, aliyefariki mwaka 2021, hakuahidi kumgeuza kila mtu kuwa gwiji. Alisema kufikiri ni ujuzi, na ujuzi hufundishika.