Yungiyungi dogo la njano si mtoto wa lile kubwa

Watu wengi wakiliona yungiyungi dogo la njano, ua la majini liitwalo Nuphar pumila, hudhani ni lile kubwa, Nuphar lutea, lililodumaa: likipata tope zuri litakua. Sivyo. Ni spishi mbili.

Ukubwa hudanganya, kwa hiyo usiutegemee. Chungulia katikati ya ua. Utaona kisahani cha stigma, sehemu inayopokea chavua, chenye mistari inayotoka katikati. Kwa lile dogo, ukingo wa kisahani umechongoka kama nyota na mistari inafika hadi pembeni. Kwa lile kubwa ukingo ni mviringo, na mistari inaishia kabla ya kuufikia. Yungiyungi kubwa lililodhoofika hubaki na kisahani chake cha mviringo. Pale pale utagundua pia kwamba hiyo njano si petali: ni sepali, yaani vifuniko vya nje vya ua. Petali zenyewe ni vipande vidogo vilivyojificha ndani.

Mkanganyiko una sababu ya kweli: spishi hizi huzaliana, na chotara wao, Nuphar × spenneriana, ana sura ya katikati.

Dogo hupenda maji baridi yasiyo na rutuba nyingi, kama maziwa ya nyanda za juu za Uskoti. Huko England limebaki katika ziwa la Cole Mere tu, Shropshire. Ndiyo maana jina "dogo" linanishughulisha: anayeamini ni mche wa lile kubwa hataona hasara mbolea ya mashambani inapoingia ziwani na lile dogo likatoweka.