Sura Unaijua, Jina Hulijui

Kwenye kibanda cha video ninachokwenda, hapa Kondele mjini Kisumu, filamu ina watu wa aina mbili tu: stelingi na maadui. Waliobaki ni "yule mzee" au "yule wa kufa mapema". Maneno wanayotupiwa hao waliobaki ndiyo yaliyonifanya niandike.

"Hajawahi kuwa stelingi, basi kazi ilimshinda."

Mchukue James Hong. Alizaliwa Minneapolis mwaka 1929, akasomea uhandisi, akafanya kazi za barabara Los Angeles kabla uigizaji haujamchukua mzimamzima. Godzilla, filamu ya Kijapani ya dubwana, ilipopelekwa Marekani mwaka 1956, Hong alikuwa mmoja wa waliowatilia Wajapani wale sauti za Kiingereza. Mwaka 1982 ndiye mtengeneza macho wa Blade Runner. 1986 ni mchawi mkongwe wa Big Trouble in Little China. 2008 ni yule bata bukini muuza tambi, babake panda wa Kung Fu Panda. Nyota yake ya Hollywood Walk of Fame, ile njia ya kuwaenzi wasanii, aliipata Mei 2022, akiwa na miaka 93. Mastelingi wangapi wa 1956 walikuwa bado wanaitwa kazini?

Siri ni kwamba filamu za mazimwi, maroboti na mapanga haziishi bila mchawi, daktari kichaa au babu anayejua jambo. Stelingi akizeeka hutafutiwa mbadala. Mchawi akizeeka ndiyo kwanza ananoga.

"Aliyevaa ndiye anayesema."

Wapi! Darth Vader, adui wa Star Wars ya 1977, alikuwa watu wawili: mwili wa David Prowse, Mwingereza wa kunyanyua vyuma, na sauti ya James Earl Jones, aliyesema alilipwa kama dola 7,000. Jones mwenyewe hakutaka jina lake liandikwe. Na yule mtu-samaki wa Hellboy ya 2004? Ngozi ya mpira alivaa Doug Jones, maneno akayasema David Hyde Pierce. Awamu ya pili, 2008, Doug Jones ndipo akasema mwenyewe.

"Kazi ya sauti ni ya mteremko, unasoma tu."

Hapa nina kidonda changu. Niliwahi kuitwa kurekodi tangazo la redio, chumba kimefunikwa magodoro ukutani, feni imezimwa isiingie kwenye maikrofoni. Nilitakiwa ningurume kama simba aliyefurahi. Nilirudia mara ishirini na kitu, jasho likitiririka hadi kwenye karatasi, na hata karatasi yenyewe ukiigeuza vibaya inasikika. Siku mbili nikawa nanunua omena kwa kuonyesha vidole. Malipo yalikuja nusu, hayo tuyaache.

Wanaoigiza sauti za michezo ya video hupiga mayowe ya kuchomwa, kuzama na kuanguka, moja baada ya jingine. Ndiyo maana mgomo wao kule Marekani, ulioanza Oktoba 2016 hadi Septemba 2017, ulikuwa na dai hili: vipindi vya kuumiza koo vishuke kutoka saa nne hadi mbili.

"Sauti ni ya asiye na sura ya kuuza."

Lupita Nyong'o, ambaye Kisumu hatumwachii mtu, alishinda Oscar 2014. Mwaka uliofuata akawa Maz Kanata, kiumbe kidogo cha Star Wars ambacho uso wake haumo hata kidogo, na 2024 akawa roboti wa The Wild Robot.

Juzi nilimwambia kijana wa kibandani kwamba yule bukini na yule mchawi ni mtu mmoja. "Omera, acha uongo," akanijibu. Akarudisha filamu nyuma, akaegemea spika, akafumba macho. Wateja wakaanza kupiga kelele wanadai picha yao. Akawanyamazisha kwa mkono, akarudisha tena.