Eti dokumentari haina skripti? Maneno ya mtaani Kigoma na kazi yenyewe

Dhana iliyoota mizizi kuliko zote ni kwamba dokumentari haiandikwi: watu wanaongea yao, wewe unashuti. Vijana wa Mwanga na Ujiji wanaotaka kuingia kwenye kazi hii wengi huanzia hapo.

Kumbe kuandika ndiko kunakokula muda. Tuseme unataka filamu ya wavuvi wa dagaa wa Kibirizi. Kabla ya kugusa kamera unaandika filamu inauliza nini, nani ataibeba, na utamkuta kazini lini. Dagaa huvuliwa usiku kwa taa. Mwezi ukiwa mpevu taa hazivuti kitu na wavuvi hupumzika, kwa hiyo asiyeulizia mapema atafika mwaloni akute mitumbwi imepandishwa mchangani. Mwaka 2024 nao uvuvi ziwani Tanganyika ulisimamishwa tangu katikati ya Mei hadi katikati ya Agosti. Ratiba isiyojua hayo inakula nauli na posho bure.

Ukishashuti unaandika tena. Mahojiano yanachapwa neno kwa neno, ya Kiha yanatafsiriwa, ndipo unaamua kipi kitangulie na kipi kitupwe. Mfano tunao jirani. Hugo van Lawick alianza kuwapiga filamu sokwe wa Gombe mwaka 1962, Jane Goodall akiwa kwenye utafiti wake. Zaidi ya saa 100 za mikanda yake ya milimita 16 zilikuja kuibuliwa mwaka 2014 kwenye ghala la kumbukumbu la National Geographic, na filamu ndefu iliyotokana nazo ikatoka mwaka 2017. Mwongozaji wa filamu hiyo hakuwa ameshuti hata dakika moja ya mikanda ile. Alikaa nayo, akaitafutia mpangilio.

Wengine husema kamera kali inatosha. Haitoshi. Mtazamaji atavumilia picha yenye giza kidogo, ila mzee akiongea huku upepo wa ziwa na injini ya boti vinammeza, atazima. Nunua maiki kwanza.

Halafu kuna hii ya "nashuti ukweli, kibali cha nini?" Bodi ya Filamu ina kibali chake, Gombe utapita TANAPA, shirika la hifadhi za taifa, droni inahusu Mamlaka ya Usafiri wa Anga, na kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu huingii bila ruhusa ya Wizara ya Mambo ya Ndani. Barua hizi, kwa maoni yangu, ni sehemu ya uandishi, maana zikichelewa hadithi nayo inabadilika.

Na hela? Wapo wanaodhani ukimaliza filamu, televisheni itakuja na bahasha. Wengi tunakula kwa harusi na video za mashirika, dokumentari inasogea pembeni taratibu. Sioni aibu yoyote hapo. Ila kabla ya kushuti mradi wa maji wa shirika fulani, mkataba useme nani atabaki na picha ghafi, kwa sababu baadaye utazihitaji kwa filamu yako.