Asilimia ya nini? Makosa tunayoyafanya dukani na kwenye risiti

Mia imo ndani ya neno lenyewe: asilimia 18 ni 18 katika kila mia. Hapo wengi hawakosei. Tunakosea tunaposahau kuuliza asilimia hiyo ni ya nini.

Dhana: Kupata VAT (kodi ya ongezeko la thamani) iliyomo kwenye risiti, tafuta asilimia 18 ya jumla.

Hili ndilo kosa ninalokutana nalo zaidi, na linawaumiza wenye maduka. Tanzania Bara, kiwango cha kawaida cha VAT ni asilimia 18 ya bei kabla ya kodi. Chukua risiti ya shilingi 59,000, kodi ikiwa imo. Asilimia 18 yake ni 10,620. Ukiitoa, inabaki 48,380. Sasa itoze hiyo 48,380 asilimia 18: unapata 8,708 na senti. Hesabu imegoma kurudi.

Ukweli ni kwamba 59,000 si mia tena, ni 118, yaani mia ya bidhaa na 18 ya kodi. Igawe kwa 118 upate 500, kisha zidisha kwa 18. Kodi ni 9,000, bidhaa ni 50,000. Itoze 50,000 asilimia 18 uone: 9,000 kamili.

Dhana: Bei ikipanda asilimia 20 kisha ikashuka asilimia 20, imerudi palepale.

Kitenge cha 30,000 kikipanda kinafika 36,000. Punguzo sasa linakatwa kwenye 36,000, nalo ni 7,200. Kinauzwa 28,800.

Dhana: Kodi ikitoka 16 hadi 14, imeshuka asilimia 2.

Kenya ilifanya hivyo Aprili 2020, kabla ya kurudi kwenye 16 Januari 2021. Kwa bidhaa ya shilingi 1,000 kabla ya kodi, kodi ilitoka 160 ikawa 140. Hizo 20 ni moja ya nane ya 160, yaani asilimia 12.5. Kilichoshuka kwa 2 ni kiwango, na hizo huitwa pointi za asilimia.

Dhana: Bila kikokotoo huwezi.

Katika Uislamu, zaka ya fedha ni asilimia 2.5. Mwenye akiba ya milioni 40 iliyopitiwa na mwaka aanze na asilimia 10, ambayo ni kufuta sifuri moja tu: milioni 4. Nusu yake, milioni 2, ni asilimia 5. Akigawa nusu tena, zaka yake ni milioni 1.